Njiwa wa Nyonga

Asubuhi ya Jumatatu Zulma alikata vipande viwili vya mkate, akavipaka siagi, akavinyunyizia chembe za chokoleti, ndipo akakumbuka kwamba Odiel haruhusiwi kula chochote kabla ya upasuaji. Akavila vyote viwili yeye mwenyewe, amesimama kwa mguu mmoja mbele ya dirisha la jikoni. Zamu yake ya kushinda na njaa ilikuwa kesho yake.

Mume na mke walikuwa wanakwenda kuwekewa nyonga mpya ndani ya wiki moja, yeye Jumanne na Odiel Jumatatu, kwa sababu mtoto wao Gerolf alikuwa anaishi mbali, mjini Ghent, na alisema atawaendesha mara moja tu. Mji wao mzima wa Leemkerke, huko Flandria, uliwatania. Kwenye duka la nyama waliulizwa kama vyuma vya nyonga siku hizi vinauzwa kwa jozi.

Kabla ya kuingia garini Odiel alikwenda bandani kuwaaga njiwa. Alikuwa mfugaji wa njiwa wa mashindano tangu ujana, na hata hospitalini alikwenda na kofia yake ya sufu yenye ukingo, ile anayovaa akiwasubiri warudi. Zulma alijua kwamba katika ndoa hii yeye ni wa pili baada ya njiwa. Hakuwahi kulilia nafasi ya kwanza, maana aliye wa kwanza ndiye anayetiwa kwenye kikapu na kupelekwa hadi Bourges, Ufaransa, kurushwa.

Hospitali ilikuwa kama masista walivyoiacha: jengo la wanaume upande mmoja, jengo la wanawake upande wa pili, yakitazamana, na ua wa mawe katikati. Mapaa yote mawili yalikuwa ya vigae vyekundu. Paa la wanaume lilikuwa limejaa njiwa.

Daktari wa usingizi aliitwa Lieselot Bruyneel, mama wa makamo mwenye sauti ya taratibu, aliyependa kukaa kitandani mwa mgonjwa kama aliyekuja kusalimia. Alimweleza Odiel kwamba kuna dawa ya kumlaza, kuna ya kulegeza misuli, na kuna ya jamii ya afyuni, ambayo kazi yake ni kumfungulia njiwa wa maumivu.

"Si mtu akishalala basi?" aliuliza Odiel. "Nikilala nitajuaje kama inauma?"

"Wewe hutajua, mzee wangu, lakini njiwa wako anajua. Ukimlaza mtu bila kumfungulia, maumivu yanabaki ndani yanapiga mbawa, na moyo unakwenda mbio mpaka mashine yangu inalia. Lazima atoke."

"Na mkimfungulia sana?"

"Hapo pumzi nayo inataka kumfuata. Pumzi haipendi kubaki peke yake. Ndiyo maana mimi sitoki chumbani hata kwenda kunywa maji. Nakaa nahesabu kifua chako."

"Halafu nikizoea dawa?"

"Ukimfungulia kila siku miezi na miezi, njiwa anasahau kwao na wewe unasahau kufunga mlango. Hatufiki huko. Siku chache tu, mpaka kidonda kianze kukauka, na tunapunguza kidogo kidogo."

Odiel aliona maelezo haya yana akili. Yalikuwa yale yale aliyokuwa akiwapa vijana wa klabu ya njiwa, isipokuwa habari za pumzi. Kilichobaki alitaka kujua njiwa atatokea wapi, na Lieselot alisema kwa nyonga huwa wanatokea chini ya shuka, upande wa miguuni.

Alitokea hapo hapo. Zulma alimwona akiwa dirishani mwa chumba cha wanaume, alikokuwa anasubiri: dume kubwa la buluu, kifua mbele, likiruka kutoka upande wa chumba cha upasuaji na kutua kwenye kilele cha paa katikati ya wenzake. Walikuwepo njiwa wa ngiri, wa magoti, wa mawe ya nyongo. Mke wa mfugaji halazimiki kuuliza. Njiwa wa mume wake alianza papo hapo kugombana na njiwa wa kidole tumbo.

Odiel alirudishwa wodini mchana, mwekundu, amevishwa kofia yake na nesi mwenye huruma. Kwenye kitanda cha jirani alikuwa amelala Maurits, muuza nyama, ambaye goti lake lilikuwa limebadilishwa siku iliyotangulia. Odiel alifungua macho, akamtazama mkewe, akatabasamu kwa kupinda, kisha akamtazama njiwa wake juu ya paa.

Sasa, kuna jambo moja ambalo mfugaji wa Flandria hawezi. Hawezi kuona ndege wake amekaa juu ya paa, amerudi safari lakini haingii bandani. Mashindano yamepotea hivyo. Ndege amefika wa kwanza kutoka Ufaransa, anajinyoosha mbawa juu ya vigae, na wa jirani anaingia bandani na kushinda. Basi Odiel, akili bado nusu iko usingizini, alikunja midomo akapiga mluzi.

Njiwa alikuja moja kwa moja. Alipita dirishani, akatua miguuni, akaingia chini ya shuka, akarudi kwenye nyonga.

"Aaah," alisema Odiel. "Mama yangu wee."

"Umemwita mwenyewe," alisema Zulma.

Nesi alikuja, akamwongezea mofini kwenye dripu, na njiwa akatoka tena. Alipofika kwenye paa Odiel akapiga mluzi tena. Mara ya tatu nesi alivuta pazia, akamwambia Zulma akae na mkono karibu na mdomo wa mumewe. Maurits alicheka mpaka njiwa wake mwenyewe akachungulia dirishani kuona kuna nini.

Alasiri alipita daktari wa wodi zote mbili, Dokta Claerhout, bwana mrefu, mpole, aliyenukia sabuni nzuri. Aliuliza kila mtu swali moja: kuanzia sifuri hadi kumi, maumivu ni ngapi?

"Tisa," alisema Odiel, ambaye alikuwa ametoka kupiga mluzi kwa siri.

"Tisa ni nyingi. Mpeni," alisema daktari.

Maurits alisema, "Tatu. Inakwenda."

Leemkerke mtu akiulizwa hali hujibu kwamba inakwenda. Anayeongeza neno anaonekana anaomba kitu, na anayesema ni nzuri sana anaonekana anaringa. Dokta Claerhout alijua desturi hii, alizaliwa mtaa wa pili. Alitabasamu na kumshika Maurits begani.

"Jasiri huyu. Anaficha. Mpeni naye."

Zulma alisikia yote, akaona ni daktari mwenye busara. Usiku ule alilala jengo la wanawake na matumaini tele, tumbo tupu.

Jumanne alipozinduka, njiwa wake alikuwa ameshaingia. Alimjua kabla hajafungua macho. Alikuwa amekaa mahali pake pa miaka tisa, na sasa alikuwa na kidonda kipya cha kukwaruza.

Lieselot alikuwa ameketi kando. "Ametoka vizuri sana, Bibi Zulma. Kijivu, ana madoa madogo shingoni. Alikaa juu ya nguzo ya dripu muda wote wa upasuaji. Mtulivu. Hakuchafua popote."

"Na mimi nilikuwa wapi?"

"Ulikuwa umelala."

 Jambo hilo lilimuuma Zulma kuliko nyonga. Miaka tisa alipanda naye ngazi, akalala naye, akaenda naye kanisani na sokoni na kwenye harusi ya Gerolf, ambako alicheza wimbo mmoja tu na kukaa. Leo ametoka kwa mara ya kwanza na yeye mwenyewe hakuwepo.

"Mimi nataka kitu kimoja," alimwambia Lieselot. "Nataka kunywa kikombe kimoja cha kahawa, macho wazi, yeye akiwa nje. Kimoja tu. Nimwone."

"Ni haki yako," alisema Lieselot. "Mimi ningekupa sasa hivi. Lakini ukishatoka kwenye meza yangu wewe ni wa Claerhout."

Daktari alipita alasiri, akanukia sabuni ile ile.

"Bibi Zulma, kuanzia sifuri hadi kumi?"

Midomo yake ilijibu kabla yake. "Tatu. Inakwenda."

"Vizuri sana," alisema daktari. "Tatu haihitaji mofini. Parasetamoli inatosha."

Akageukia kitanda cha pili. Hapo alilala Godelieve, dereva wa basi mstaafu, aliyetolewa mfuko wa uzazi, mwanamke ambaye katika maisha yake alikuwa ameshawashusha walevi wengi kwa kuwashika kola.

"Tisa," alisema Godelieve. "Na ingekuwa wewe ungeshasema kumi na nne."

"Mama, wewe una wasiwasi," alisema daktari kwa upole wa kweli. "Wasiwasi hautibiwi kwa mofini. Na sisi tunawaogopea msije mkazoea. Mpeni parasetamoli na kikombe cha chai ya maua."

Zulma alijikaza kisabuni, akakohoa. "Dokta, ile tatu yangu. Naona ni saba."

"Sasa hivi umesema tatu," alijibu daktari, huku anacheka kidogo. "Mkishaanza kuongea na majirani namba zinapanda. Pumzika."

Alipotoka, Godelieve alikunywa chai yake kwa hasira.

"Umeona? Ukisema ndogo, ndogo. Ukisema kubwa, una wazimu."

"Jana nilimsikia kule. Muuza nyama kasema tatu, kapewa."

"Muuza nyama ana ndevu, shoga yangu."

Jioni simu ya Zulma iliita. Alikuwa ni Odiel, ng'ambo ya ua, akimpungia mkono kutoka dirishani.

"Hapo kwenu kuna nini?" aliuliza. "Paa lenu ni safi kama sahani. Sijaona hata unyoya. Asubuhi wanakuja wachache, kahawa haijaletwa wote wameshaingia ndani. Huyo anayewaita ana mluzi gani? Namtaka kwenye klabu."

"Hakuna anayewaita, Odiel. Hawafunguliwi."

 Mtu aliyeishi na njiwa anajua banda lisilofunguliwa linavyokuwa ndani.

"Lakini uliniambia inakwenda," alisema Odiel.

"Nimekuambia hivyo miaka tisa, mume wangu. Ulitaka nisemeje?"

Alimwona kule dirishani akivua kofia na kuishika mkononi, kama anavyofanya mazishini. Zulma aliitazama ile kofia. Aliitazama sana.

"Odiel," alisema, "Maurits anatoka lini?"

Maurits aliruhusiwa Jumatano asubuhi, na kitanda chake kikaondolewa kufanyiwa usafi. Baada ya chakula cha mchana Lieselot mwenyewe alisukuma kitanda cha Zulma, na Zulma juu yake, kupitia ua wa mawe, na kukiweka kwenye nafasi iliyo wazi. Njiani walipishana na mpishi, mtunza bustani na padri. Wote waliwasalimu.

"Mimi natazama jina lililo mkononi mwako, dawa ulizokwisha kunywa, na jinsi unavyopumua," alisema Lieselot akifunga breki za kitanda. "Kofia siyo kazi yangu. Nimemsemesha Claerhout vikaoni mpaka nimechoka. Ananiambia nina moyo mlaini."

Odiel alimvalisha mkewe kofia yake na kuivuta hadi kwenye nyusi. Zulma alivuta shuka hadi kidevuni. Chini ya shuka alikuwa na gauni la kulalia la maua ya samawati, na kwenye kimeza aliweka ufumaji wake, kwa sababu hakuona pengine pa kuuweka.

Dokta Claerhout aliingia.

"Na huyu mpya?"

"Nyonga," alisema Lieselot. "Imebadilishwa jana."

"Kuanzia sifuri hadi kumi, rafiki yangu?"

"Tatu," alisema Zulma kwa sauti yake ile ile ya siku zote. "Inakwenda."

Daktari alitikisa kichwa kwa upendo. Alimshika begani.

"Wanaume wa hapa," alimwambia Lieselot. "Wanakatwa mifupa na bado wanakuambia inakwenda. Mpeni huyu, tena msingoje aombe."

Kisha akaenda vyumba vingine. Odiel alikuwa amejifunika uso kwa gazeti la njiwa na gazeti lilikuwa linatetemeka.

Lieselot alisoma jina mkononi, akapima dawa, akaidunga polepole, akavuta kiti na kukaa, macho yake kwenye kifua cha Zulma. Pumzi ilibaki mahali pake. Baada ya kitambo shuka ikajongea upande wa miguuni, na njiwa akatoka.

Alikuwa mdogo. Zulma alikuwa amemfikiria mkubwa, miaka yote hiyo, kama bata mzinga. Kumbe ni jike jembamba la kijivu, lenye madoa shingoni, limekakamaa kwa kukaa mahali pamoja muda mrefu. Alitembea juu ya chuma cha kitanda akinyoosha mguu mmoja, kisha wa pili. Alimtazama Zulma kwa jicho moja. Kisha akaruka hadi kwenye kizingiti cha dirisha, akafikiri, akavuka ua, akatua kwenye paa la wanawake. Alikuwa peke yake juu ya vigae vyote vile.

"Maskini," alisema Zulma. "Naye alikuwa amechoka."

Kahawa ililetwa, pamoja na biskuti ya mdalasini kwenye kisahani. Zulma alinyanyua kikombe kwa mikono miwili. Aligundua kwamba mapazia ni ya manjano, na kwamba Odiel amejinyoa vibaya chini ya sikio. Alisikia mtu anafagia uani. Vitu hivi vyote vilikuwepo siku zote, ila kwa miaka tisa kila kimoja kilikuwa kinamfikia kwa kupitia kwenye nyonga. Alifurahi. Alifurahi mpaka machozi yakamtoka, akayaacha yatoke, akanywa kahawa.

Pembeni yake Odiel alikuwa taabani. Jasho jembamba lilimtoka kwenye paji la uso. Alikuwa anamtazama yule njiwa wa kijivu juu ya paa, anayejinyoosha mbawa, haingii, na midomo yake ilikuwa imeanza kujikunja.

"Odiel. Usithubutu."

"Siwezi, mke wangu. Amekaa juu ya paa."

"Ukipiga mluzi nakuacha. Nahamia Ghent kwa Gerolf."

"Midomo inakwenda yenyewe."

Zulma alichukua biskuti yake ya mdalasini na kumtia mumewe mdomoni. "Tafuna."

Odiel alitafuna. Alipomeza midomo ikaanza tena, na Zulma akamtia biskuti ya pili, ya kisahani cha Odiel mwenyewe, kisha Lieselot akatoa ya kwake mfukoni. Kwa biskuti hizo tatu kahawa ilinyweka hadi tone la mwisho. Zulma husema hakuna jambo kubwa kuliko hilo alilowahi kutendewa na Odiel, ukiacha lile la kumwoa.

Njiwa alirudi mwenyewe jioni, bila kuitwa, na kuingia taratibu kwenye nyonga. Zulma alimwachia nafasi. Sasa walikuwa wanajuana kwa sura.

Zulma aliletwa jengo la wanaume kila alasiri mpaka siku ya kutoka, kila mara dawa ikipunguzwa kidogo, na kila mara daktari akimsifu kwa ujasiri. Gerolf alipokuja kuwachukua, Godelieve alikuwa ameketi kitandani, mkono umenyooshwa.

"Kofia inabaki," alisema.

Odiel alirudi Leemkerke kichwa wazi. Kofia ilitundikwa kwenye msumari nyuma ya mlango wa chumba cha mashuka, jengo la wanawake, na kila alasiri kitanda kimoja kilivuka ua. Godelieve alivuka wa kwanza. Aliulizwa ngapi, akasema tisa, na daktari akasema mwanamume kama huyu hawezi kupiga kelele bure. Aliyefuata alikuwa mwalimu wa piano, kisha mama wa mapacha, ambaye mtunza bustani alisema alipendeza na kofia kuliko Odiel. Juu ya paa la wanawake tangu siku hiyo huonekana njiwa mmoja. Hawajawahi kuwa wawili, kwa kuwa kofia ni moja.

Majira ya kuchipua yalipofika Dokta Claerhout alisimama kikaoni akaeleza kwamba wodi ya wanaume imeelemewa. Wanakuja wazee wajasiri wasiohesabika, alisema, tena wengine wanafuma, na vitanda havitoshi. Jengo la wanawake, kwa upande wake, halina shida kubwa, maana huko haiwaumi sana, hata paa lao linaonyesha. Aliomba wanaume wapewe vyumba viwili vya wanawake. Lieselot alipinga, akaambiwa ana moyo mlaini. Vyumba vilitolewa, na milango ikapakwa rangi.

Lieselot alimpigia Zulma simu asubuhi ya Jumapili. Zulma alikuwa jikoni anakata mkate, amesimama kwa miguu yote miwili.

"Kofia imeanza kuchanika kwenye mshono," alisema Lieselot. "Na foleni ni ndefu. Huko kwenu hakuna nyingine?"

Zulma alikwenda kwenye sanduku la koridoni. Akatoa ya zamani ya Gerolf, akatoa ya marehemu baba mkwe, akatoa ile mpya ya Odiel, ya Jumapili, ya kijani. Odiel aliinuka mezani akiwa na kipande cha mkate mdomoni.

"Mama, hiyo ya Jumapili jamani."

"Tafuna," alisema Zulma, akazifunga zote tatu kwenye karatasi.